Mvumo wa ulimwengu mzima, unawezekana? Maswali yenu kuhusu sauti za angani

Wasomaji wangu hamjambo. Safari hii barua zimekuja nyingi na karibu zote zinagusa kitu kimoja, sauti huko juu angani, ipo haipo, na kama ipo inasikikaje. Iliyonifurahisha kuliko zote ni ya msomaji anayetunga ulimwengu wake mwenyewe, kwa hiyo naanza na hiyo na nitairudia rudia humu ndani, wengine mnivumilie.

SWALI: Habari yako mjibu maswali. Mi naandika stori ndefu ya ulimwengu nilioutunga kichwani, una sayari saba zinazozunguka jua moja dogo jekundu, na mara moja kila kizazi unatokea mlio mzito nauita Mvumo, unatoka katikati kabisa, sayari zote saba wanausikia dakika ile ile, watu wanaacha kazi, mpaka watoto wanaozaliwa siku hiyo wanahesabiwa rika moja hata kama wako sayari tofauti. Rafiki yangu kaisoma akasema ni upuuzi kwa sababu angani hakuna hewa, basi hakuna sauti. Nifute au niache?

JIBU: Usifute hata neno. Rafiki yako kasema kweli ila kaishia njiani. Sauti ni kusukumana tu, chembe hii inasukuma ya jirani, ya jirani inasukuma ya mbele yake, na msukumo unaenda hivo hivo mpaka unagonga sikio, sasa chembe zikiwa mbali mbali hakuna wa kumsukuma mwenzake. Hewa tunayovuta, ukichukua sentimita moja ya ujazo, ina molekuli kama 25 ikifuatiwa na sifuri kumi na nane. Toka nje kwenye nafasi iliyo kati ya sayari, hapa karibu na dunia yetu, sentimita kama hiyo unakuta chembe tano, siku nyingine kumi. Tano! Ndio maana anakwambia ni kimya.

Lakini wewe ndo mtunzi, ukisema kwenye ulimwengu wangu anga imejaa hewa nani atakuzuia. Ila jua kinachofuata. Mfumo wako unafanana sana na mfumo wa kweli unaoitwa TRAPPIST-1, uko umbali wa miaka ya nuru 40 hivi, nyota ndogo nyekundu yenye sayari saba, saba kamili, habari zake zilitangazwa 2017, sijui uliiga au imetokea tu, vyovyote vile tutumie vipimo vyake. Sayari ya ndani kabisa iko kilomita milioni 1.7 kutoka kwenye nyota, ya nje kabisa kilomita milioni 9 na kidogo. Sauti kwenye hewa ya kawaida inakimbia mita 340 kwa sekunde, ukigawanya unaona Mvumo ukitokea katikati, sayari ya kwanza itausikia baada ya miezi miwili na ya saba baada ya miezi kumi. Hiyo "dakika ile ile" yako imekufa hapo hapo, na mimi ningeiacha ife, manake fikiria, sayari ya kwanza wameshasikia na wanaweza kutuma habari kwa redio ikafika ya saba ndani ya nusu dakika, halafu wa sayari ya saba wanakaa miezi minane wanasubiri kitu wanachojua kinakuja. Wengine watajiandaa, wengine watauza nyumba, wengine watasema ni uongo wa wale wa ndani. Hiyo stori naisoma mpaka mwisho.

Tatizo liko kwenye hewa yenyewe. Kuijaza nafasi yote hiyo hadi sayari ya saba unahitaji hewa yenye uzito wa majua mawili kama hili letu, wakati nyota ya TRAPPIST-1 yenyewe haifiki hata sehemu ya kumi ya jua letu, yaani hewa imemzidi mwenye nyumba. Rundo kubwa namna hiyo linajivuta lenyewe, na ukipiga hesabu litaporomokea katikati ndani ya masaa 17 hivi, na sayari zako zimo humo humo zinasuguana na hewa, zinapungua mwendo na kuwaka. Mlio unahitaji miezi miwili kufika sayari ya kwanza, hewa ina masaa 17 ya kuishi. Haitoki.

Kwa hiyo usijaze hewa, jaza gesi nyembamba sana, na hapa ndipo watu wengi hawajui: gesi nyembamba haikatai sauti, inakataa sauti nyembamba. Chembe zikiwa mbali mbali bado zinaweza kusukumana, ila wimbi lazima liwe refu kuliko umbali ambao chembe moja inasafiri kabla ya kugusana na nyingine, na wimbi refu maana yake sauti nzito, nzito kupita sikio lolote. Msomaji anayefuata ameuliza jambo hilo hilo bila kujua.

SWALI: Kuna klipu inazunguka wanasema ni shimo jeusi linaimba, inatisha kweli kama watu wengi wanalia kwa pamoja. Ni kweli au ni kutafuta umaarufu?

JIBU: Ni kweli lakini imepandishwa. Kundi la galaksi la Perseus liko umbali wa miaka ya nuru milioni 250 hivi, na katikati yake kuna galaksi yenye shimo jeusi kubwa mno, yaani kitu kizito kiasi kwamba hata nuru haitoki. Nafasi kati ya galaksi hizo imejaa gesi ya moto sana, nyembamba lakini ipo, na shimo lile linaposukuma vitu nje linaitikisa gesi. Mwaka 2003 timu ya Andrew Fabian wa Cambridge ilitazama picha za teleskopu ya Chandra, ile inayoona eksirei, ikakuta viwimbi vimetandazika kwenye gesi, kati ya kiwimbi na kiwimbi miaka ya nuru zaidi ya elfu 30. Hayo ni mawimbi ya sauti kabisa, mgandamizo na kulegea, sio lugha ya picha. Yanakimbia zaidi ya kilomita elfu moja kwa sekunde na bado wimbi moja linachukua miaka milioni 10 hivi kupita.

Wakaitafutia noti yake, ikaangukia B flati, okteva 57 chini ya ile do ya katikati ya piano, na kila okteva unayoshuka mitetemo inapungua nusu. Piano nzima ina okteva saba na kidogo tu, kwa hiyo hesabu mwenyewe hizo piano. Mwaka 2022 NASA wakaichukua data ile wakaipandisha okteva 57 na 58, ndo ile klipu uliyoisikia, na kupandisha okteva 57 ni kuizidisha mara 144 ikifuatiwa na sifuri kumi na tano. Kwa hiyo hiyo "sauti ya kulia" imetokana na kupandishwa na namna walivyoichanganya, shimo halina huzuni na mtu.

Kinachonivutia mimi zaidi ni kazi ya mawimbi hayo. Gesi ile ilitakiwa ipoe, ishuke, itengeneze nyota kwa wingi, lakini haipoi inavyotakiwa, na maelezo mojawapo yanayokubalika ni kwamba nishati inayobebwa na sauti hizo inaipasha moto. Mtunzi wetu wa Mvumo hebu liangalie hilo: sauti ambayo hakuna anayeisikia, lakini inaamua nyota zizaliwe au zisizaliwe.

SWALI: Mlipuko Mkuu ulioanzisha ulimwengu ulikuwa na kishindo? Mwalimu alisema hapana, mdogo wangu anasema ndiyo, na mimi sitaki kushindwa na mdogo wangu.

JIBU: Pole, mdogo wako ana hoja. Kishindo cha bomu hakikuwepo, kwa sababu hapakuwa na mahali pa nje ambapo mtu angesimama akasikia kikija, nafasi yote ilikuwa inatanuka. Lakini kwa miaka 380,000 ya mwanzo ulimwengu mzima ulikuwa supu ya moto, nuru na chembe zimeshikana haziachani, na supu ile ilipitisha sauti vizuri kuliko kitu chochote tunachokijua leo, ikikimbia zaidi ya nusu ya mwendo wa nuru. Palipokuwa na msongamano kidogo panatoka wimbi, linatanuka kama duara, na mawimbi yalikuwa kila mahali yanapitana.

Halafu ulimwengu ukapoa, atomi zikaundika, nuru ikaachiwa ikaenda zake, na sauti ikaganda pale pale ilipofika. Ikaganda kweli, yaani sehemu mawimbi yalipoishia pakabaki na vitu vingi kidogo kuliko pengine, na baadaye galaksi zikazaliwa hapo kwa wingi kidogo. Mwaka 2005 makundi mawili ya wanaanga wakipima ramani za galaksi wakakuta alama hiyo: ukichukua galaksi yoyote, uwezekano wa kukuta nyingine kwenye umbali wa miaka ya nuru milioni 500 hivi umezidi kidogo kuliko inavyotarajiwa. Ni chapa ya sauti ya zamani. Mimi sijawahi kusoma hadithi ya kutunga yenye sauti kubwa kuliko hiyo.

Msichanganye na ule mkwaruzo wa redio waliounasa Arno Penzias na Robert Wilson mwaka 1964 na antena yao kule Holmdel, New Jersey, wakahangaika nao mpaka wakasafisha mavi ya njiwa wakidhani ndo chanzo, wakaja kupata Nobel 1978. Ule ni nuru ya zamani iliyonyooka ikawa mawimbi ya redio, sio sauti. Ila kama uliwahi kuwa na televisheni ya zamani, kwenye zile chenga zinazotokea pasipo na stesheni, asilimia moja hivi ilikuwa inatoka huko.

SWALI: Mimi ndo yule rafiki wa mtunzi, kaniambia anakuandikia na mi nikaona nisiachwe. Bado nashikilia kwamba bila hewa hakuna mlio. Lakini nimekumbuka walisema kwamba 2015 walisikia mashimo meusi yakigongana, hayo mawimbi si yanapita bila hewa? Kama ni hivyo si ndo atumie hayo?

JIBU: Wewe ndo umemuokoa mwenzako, na atakulipa kwa kukuweka kwenye kitabu. Mawimbi ya mvutano hayasukumi chembe, yanavuta na kubana nafasi yenyewe, kwa hiyo hewa ikiwepo isipokuwepo yanapita, na yanakwenda kwa mwendo wa nuru. Rudi kwenye vipimo vya sayari saba: kutoka katikati mpaka ya saba ni nusu dakika tu. "Dakika ile ile" imefufuka!

Tukio lenyewe lilikuwa hivi. Tarehe 14 Septemba 2015 mitambo miwili ya LIGO huko Marekani, mmoja Hanford na mwingine Livingston, kila mmoja una mikono miwili ya kilomita nne nne, ilinasa mtikisiko wa sekunde 0.2. Mashimo meusi mawili, moja la uzito wa majua 36 na jingine 29, yalizungukana yakaungana umbali wa miaka ya nuru bilioni 1.3, likabaki moja la majua 62. Hayo majua matatu yaliyopungua yalitoka yote kama mawimbi. Yalipofika hapa yaliisogeza mikono ile kwa kipimo cha kama sehemu ya elfu ya upana wa protoni, ile chembe ya ndani ya kiini cha atomi, na bado wakayanasa, ndo sababu Weiss, Thorne na Barish wakapewa Nobel 2017. Sasa mitetemo ile ilianza kwenye 35 kwa sekunde ikapanda mpaka 250, na hiyo iko ndani kabisa ya kile ambacho sikio la binadamu linasikia, ukiiweka kwenye spika bila kuipandisha unasikia mlio mfupi unaopanda, hwuup, basi. Ungekuwa karibu na tukio, mawimbi yangekitikisa kiwambo cha sikio chenyewe bila kuhitaji hewa ya huko nje, ila ukiwa karibu sana kuna mambo mengine yatakuua kwanza.

Tatizo la mtunzi ni moja, mashimo yakishaungana yameungana, hakuna mara ya pili. Anataka kila kizazi. Dawa ipo: mashimo mawili yanayozungukana kwa njia ndefu iliyochongoka, miaka mingi yako mbali mbali, halafu yanapitana karibu kwa muda mfupi na hapo ndipo mlio unatoka, halafu yanaachana tena. Kitu cha namna hiyo sio ndoto, kuna galaksi inaitwa OJ 287 inawaka zaidi kila baada ya miaka 12 hivi na wataalamu wengi wanaieleza kwa shimo jeusi dogo linalozunguka kubwa. Huko kinachoonekana ni mwanga, lakini mpangilio ndo huo.

Na hapa kuna zawadi. Kila mlio unabeba nishati, na nishati inatoka kwenye mzunguko wenyewe, kwa hiyo kila mara mashimo yakipitana njia yao inafupika, na mara inayofuata wanarudi mapema zaidi. Tumeshaliona hilo kwa nyota: mwaka 1974 Hulse na Taylor waligundua nyota mbili zilizokufa zinazungukana kila masaa 7.75, na kipindi hicho kinapungua kwa sehemu kama 76 za milioni za sekunde kila mwaka, sawasawa na hesabu za Einstein, wakapata Nobel 1993. Basi Mvumo wako usiwe wa kila miaka 30 milele. Bibi aliusubiri miaka 30, mama akasubiri 28, binti ataupata baada ya 25, na mahali fulani kwenye sayari mojawapo kuna mtu ameweka daftari la vizazi vingi akaanza kuona namba zinakaribiana. Sheria yenyewe ni kali kidogo, ukitaka mlio mkubwa kipindi kitaporomoka haraka sana, ukitaka kipungue polepole mlio uwe mdogo na watu wako uwape masikio makali kuliko yetu. Chagua mwenyewe, mimi ningechagua mlio mdogo na masikio makali.

Na kabla hujaniuliza, mvumo wa kweli upo. Juni 2023 makundi ya wanaanga, wakiwemo NANOGrav wa Marekani waliokusanya data miaka 15, walitangaza dalili za mtikisiko wa mvutano unaoendelea bila kukatika, wimbi moja linachukua miaka kadhaa kupita. Waliupata kwa kupima nyota zinazopiga mapigo sawasawa kama saa, zikichelewa na kuwahi kidogo kidogo kwa pamoja. Chanzo kinachotajwa sana ni mashimo makubwa ya katikati ya galaksi, mawili mawili, ulimwengu mzima.

SWALI: Acheni kudanganya watu. Sauti zote za anga zinatengenezwa kwenye kompyuta, hakuna hata moja ya kweli.

JIBU: Nakupa nusu ya maksi. Nyingi kweli ni picha au namba zilizogeuzwa sauti, mtu kaamua nyota ikiwaka sana iwe noti ya juu, na anayezirusha bila kusema hivyo anawadanganya wasikilizaji, hilo naungana na wewe kabisa. Lakini kuna aina nyingine katikati hapo. Chombo cha Voyager 1 kilivuka mpaka wa eneo la jua letu Agosti 2012, na antena yake ikanasa mitikisiko ya umeme kwenye plazma ya nje, yaani gesi ya chembe zenye chaji ya umeme, elfu mbili na kitu kwa sekunde, ukiiunganisha na spika unaisikia kama ilivyo bila kuipandisha wala kuishusha. Sio sauti iliyosafiri kwenye hewa, lakini hesabu yake haikuchezewa, na kwa kuusikiliza mlio huo ukipanda ndo wanasayansi walipima plazma ina msongamano kiasi gani wakajua chombo kimeshatoka. Na halafu zipo sauti za kawaida kabisa zilizorekodiwa kwa maikrofoni, soma jibu linalofuata.

SWALI: Je mtu akipiga kelele Mirihi, inasikika kama hapa?

JIBU: Inasikika hafifu na imefifia kwenye noti za juu. Gari la Perseverance lilitua huko Februari 2021 na maikrofoni mbili, tukasikia upepo, magurudumu yake na hata mlio wa ile helikopta ndogo. Hewa ya Mirihi ni nyembamba mno na karibu yote ni kaboni dayoksaidi, sauti inaenda mita 240 hivi kwa sekunde, lakini ajabu yake ni kwamba zile nyembamba zinaenda kasi kidogo kuliko nzito, mita 250 hivi. Kwa hiyo ukisimama mbali na wanamuziki wa huko, filimbi inakufikia kabla ya besi. Zuhura napo palirekodiwa, Warusi walipeleka maikrofoni kwenye Venera 13 na 14 mwaka 1982, na Titani, mwezi wa Zohali, chombo cha Huygens kilishuka na maikrofoni Januari 2005, huko baridi ni kali mpaka sauti haifiki mita 200 kwa sekunde. Mtunzi, sayari zako saba zisiwe na sikio moja.

SWALI: Wahenga wa Ugiriki walisema sayari zinaimba. Walikuwa wanaona kitu gani?

JIBU: Waliona uwiano. Wafuasi wa Pythagoras walijua nyuzi zenye urefu wa uwiano mzuri zinapatana, wakadhani na sayari ni hivyo hivyo, na Johannes Kepler mwaka 1619 akafika hadi kuandika noti za kila sayari, ikikaribia jua inakimbia noti inapanda, ikienda mbali inashuka. Sauti hapakuwa nayo na Kepler alijua. Lakini uwiano kuna mahali upo kweli, na ni kwenye TRAPPIST-1 yetu ile ile: sayari ya saba ikizunguka mara 2, ya sita imezunguka 3, ya tano 4, ya nne 6, ya tatu 9, ya pili 15 na ya kwanza 24, karibu sawasawa. Hizo 3 kwa 2 na 4 kwa 3 mwanamuziki yeyote anazijua. Hapo huhitaji hewa wala mashimo meusi, huhitaji chochote, ni mdundo mtupu, watoto wa ulimwengu wako wangeweza kujifunza kuhesabu kwa kuangalia juu.

SWALI: Mvumo unaweza kuvunja sayari?

JIBU: Kwenye hewa sauti ina dari. Ikifika desibeli 194 hivi, desibeli ni kipimo cha ukali wa sauti, sehemu ya kulegea ya wimbi inakuwa imebaki bila hewa kabisa, haiwezi kulegea zaidi, kuanzia hapo sio sauti tena ni wimbi la mshtuko. Volkano ya Krakatoa huko Indonesia ilipolipuka 27 Agosti 1883 ilisikika mpaka kisiwa cha Rodrigues kwenye Bahari ya Hindi, karibu kilomita 4,800, masaa manne baadaye, wakadhani ni mizinga ya meli, na msukumo wake ulionekana kwenye vipimo vya hewa ukizunguka dunia zaidi ya mara moja. Sayari ikabaki.

Kwa mtu mmoja mmoja ni habari nyingine. Kule Chelyabinsk, Urusi, 15 Februari 2013, kimondo cha mita 20 hivi kilipasuka angani, mwanga ukashinda jua, na watu wakakimbilia madirishani kutazama kulikoni. Kimya. Dakika mbili hivi baadaye mshtuko ukafika, vioo vingi vikaja ndani, watu kama 1,500 wakaumia, wengi kwa vioo. Sio lazima uvunje sayari. Waache waone mwanga wa Mvumo kwanza, na mwenye akili akae mbali na dirisha.

SWALI: Fupi tu, tumebishana kazini. Mwanaanga akiwa nje ya chombo akapiga kelele, anajisikia?

JIBU: Anajisikia vizuri, ndani ya helmeti kuna hewa. Mwenzake aliye mita moja pembeni hasikii kitu kama redio imezimwa, lakini wakigusanisha helmeti zao, sauti inapita kwenye kitu kigumu na wanaweza kuongea. Aliyesema hivyo kazini kwenu anunuliwe soda.